Mkate Wenye Mwanya

Istanbul, 14 Aprili 2019

Mama yangu mpenzi,

Assalamu alaykum. U hali gani, na goti lako linasemaje? Mimi ni mzima, namshukuru Mungu, ila mikono imepasuka kwa sabuni. Barua hii anakuletea Mavluda wa biashara ya nguo kama kawaida, maana wewe na simu hamtapatana mpaka kiama.

Bibi Nermin, huyu ninayemtunza, nyonga yake inaanza kupona. Anatembea kutoka kitandani hadi dirishani akinishika bega, halafu anadai kahawa kama mtu aliyepanda mlima. Kazi si mbaya. Tunalala chumba kimoja.

Mama, Mavluda kaniambia jambo. Ati kundi langu la watalii la Alhamisi kampuni imempa msichana mwingine, Barno, wa kutoka Kokand. Ni kweli? Na bado linakuja kwetu kula pilau? Sina kinyongo, kila mtu lazima ale. Nauliza tu. Anaanza nao wapi? Mimi nilikuwa naanza na soko la Chorsu, mikate ikiwa bado ya moto. Ukianza na treni ya chini ya ardhi, watu wanafika sokoni wamechoka na mikate imepoa. Mwambie.

Na mkate wangu bado uko kwenye msumari? Kila nikipita duka la mkate hapa naikumbuka ile asubuhi, teksi inapiga honi nje, nawe umenishikia mkate mdomoni kama mtoto mdogo: "Uma, uma haraka, kilichobaki kitakungoja." Usiache panya waufikie.

Binti yako,
Hulkar


Tashkent, 3 Mei 2019

Mwanangu Hulkar,

Waalaykum salaam. Nimepokea barua, na kitambaa cha kichwa, na ile dawa ya goti inayonuka kama farasi mgonjwa. Napaka hivyo hivyo. Sijambo. Mzabibu umechipua, na paka wa jirani kazaa tena nyuma ya tanuri letu.

Ni kweli, siku hizi anakuja Barno. Watu wanane kila Alhamisi, kama enzi zako, maana gari ni lile lile. Wanaanza na treni, ndiyo, usinikasirikie mimi. Wanashuka kila kituo kupiga picha dari na nguzo, kisha soko, kisha misikiti, na hapa wanafika na njaa kali. Wanakula mpaka sufuria inalia. Mimi sijaona ubaya wake.

Msichana mwepesi huyo! Akiingia tu anavua viatu, anajifunga kitambaa, ananinyang'anya kisu. "Mama, wewe kaa, karoti niachie mimi." Anazikata nyembamba zote sawa. Zako zilikuwa kama kuni, tusidanganyane.

Halafu anawapanga mbele ya mkate wako. Anasema polepole, "Huu ni mkate wa binti wa nyumba hii. Aliuma mara moja, akaenda safari. Hauliwi, hautupwi, hauguswi. Siku akirudi ataumaliza mwenyewe." Alhamisi iliyopita kulikuwa na mama wa Kijerumani, mkubwa kama mlango, alilia hadi pilau yake ikapoa. Nikalia naye, na Kijerumani sijui hata salamu.

Hana mama, maskini. Ananiita mama. Nitamkataza vipi?

Mama yako,
Saodat


Istanbul, 19 Mei 2019

Mama,

Salaam. Natumai goti linaendelea vizuri. Mimi kila kitu changu ni kizima isipokuwa roho.

Karoti zangu kuni? Miaka minne nimeleta watu uani kwetu, wakala, wakaramba vidole, hakuna aliyelalamika. Leo kaja mtu na kisu chake, karoti zangu zimekuwa kuni. Na treni! Mtu anayeanza na treni kisha soko ni mtu aliyesoma mji kwenye kitabu.

Ndiyo, ni wivu. Niuite jina gani? Mimi hapa nakata kucha za mama wa watu, na huko mwingine anakata karoti za mama yangu. Asiyekuwepo na lake halipo, nilidhani wanasema habari za mgawo wa nyama. Kumbe hata mama hugawiwa.

Tena mkate ule mimi sikuwahi kuutaka uwe wa kuliza Wajerumani. Niliuuma mbele yako peke yako. Mwambie Barno aache msumari wangu, asikalie mto wangu wa bluu, na akuite shangazi. Shangazi inamtosha. Hata Bibi Nermin ameniomba nimwite mama, nami namwita, kwa sababu akilisikia anakula vizuri. Lakini hilo ni neno la mdomoni tu, ni sehemu ya kazi.

Binti yako,
Hulkar


Tashkent, 8 Juni 2019

Hulkar,

Salamu. Mimi ni mzima. Nauliza hali yako kwa sababu ni adabu.

Unamwita mama. Nilisoma mara mbili, nikampa Mavluda naye asome, huenda macho yangu yamezeeka. Akasoma vile vile. "Dada," akaniambia, "mbona umebadilika rangi?" Nikamwambia ni joto la tanuri. Tanuri lilikuwa limezimwa.

Nilikunyonyesha miaka miwili na nusu. Nikakufundisha kulisema neno hilo, unalitema, nakurudishia mdomoni, unalitema tena. Kumbe nilikuwa namfundishia bibi mmoja wa Istanbul. Akilisikia anakula? Basi na anenepe.

Na kwa kuwa tumeanza kuambiana, nami nikwambie. Jumatano jioni Barno hulala hapa ili asubuhi tuwahi kuloweka mchele. Analala kwenye godoro lako. Mto wa bluu pia ameulalia. Hakoromi.

Mama yako, yule wa kwanza,
Saodat


Istanbul, 22 Septemba 2019

Mama,

Kiangazi chote sijaandika. Kila Mavluda alipokuja kuuliza barua nilimwambia nina kazi nyingi, naye akanitazama kama anavyomtazama mteja mwongo. Nilikuwa nimenuna. Nawe hukuandika, kwa hiyo hakuna anayemdai mwenzake.

Leo siulizi habari za goti. Leo nauliza ule mkate ni wa nani.

Wenye kampuni wameweka picha mtandaoni kutangaza ziara ya Alhamisi. Barno kasimama chini ya mzabibu wetu, wale wanane wamemzunguka, na nyuma yake msumari wangu na mkate. Niliikuza picha hadi macho yakaniwasha. Mama, meno yangu nayajua. Nina mwanya ambao punje ya mchele inapita bila kubisha hodi. Nikiuma mkate, katikati hubaki kijiukuta. Wewe mwenyewe tangu utoto wangu ulikuwa unajua nani kaiba mkate kwa kuutazama tu. "Huyu ni Hulkar," unasema, na kofi linakuja.

Huo wa pichani umeumwa sawasawa. Hauna kijiukuta. Si meno yangu.

Ni meno ya nani, Mama? Kwetu anangojwa nani?

Hulkar


Tashkent, 29 Septemba 2019

Mwanangu,

Salamu za heri, na keti chini kabla ya kuendelea kusoma.

Ni meno ya Barno. Subiri, usichane karatasi.

Ilikuwa Julai, joto la kukausha ulimi. Katika wale wanane kulikuwa na Mholanzi mmoja mrefu, mtu mwema, mcheshi. Barno alipokuwa anasimulia habari za mkate, yeye alikuwa chooni. Sasa fikiria, tangu asubuhi kila waendako wanaambiwa onja. Onja jibini, onja tikiti, onja mkate. Akatoka, akauona mkate ukutani, umeshaumwa na mtu mmoja, akajua zamu yake imefika. Nilisikia "kra!" nikadhani ni kigae. Kumbe ni jino lake.

"Mama," akaniambia kwa Kiuzbeki alichofundishwa asubuhi ile, kashika shavu, "tamu sana."

Nililia kilio cha msiba. Unajua wazee wetu wanavyosema, aliyeuma ndiye atakayerudi. Sasa mkate wako ukawa unawangoja wawili, wewe upande huu na Mholanzi upande ule. Mimi nalia, Barno analia, Mholanzi analilia jino lake, na pilau inaungua.

"Mama, msumari usikae mtupu," Barno akasema. "Ni mkosi. Na Alhamisi ijayo tutawaonyesha nini?" Nikatoa mkate mwingine tanurini, akauma yeye, nikautundika. Huo ndio uliouona. Ule ni mkate wa wageni.

Wako nimeufunga kwa kitambaa cheupe, uko sandukuni, chini ya yale magodoro niliyokushonea ya harusi. Upande wako haujaguswa. Kijiukuta kipo. Nikifungua sanduku hukipapasa kwa kidole, kisha nafunga. Niliogopa kukwambia. Wewe umenuna, mimi nimenuna, na nilijiambia, huyu ana mama mwingine sasa, huenda mkate wa huku hauhitaji tena.

Simkatazi Barno kuniita mama. Lakini Barno akichelewa nalala usingizi wangu. Wewe tangu uondoke lango sijalikomea.

Mama yako,
Saodat


Istanbul, 20 Oktoba 2019

Mama yangu,

Assalamu alaykum, na Mungu akuzidishie. Nimelia kwa ajili ya lango, nimecheka kwa ajili ya Mholanzi, vyote kwa wakati mmoja, hadi Bibi Nermin akadhani nimepandwa na homa. Akaniuliza nacheka nini. Nikamweleza yote, desturi yetu, mkate, msumari, jino. Hapo ndipo nilipokosea.

Maana nilikuwa nimeshamwambia nakuja nyumbani. Mpwa wake atakaa naye nikiwa sipo.

Asubuhi hii nilikuwa nafua, sikumwona akitoka. Amekwenda hadi duka la mkate, peke yake, na fimbo yake, mara ya kwanza tangu aanguke. Amerudi kapauka uso, mkate uko kifuani ndani ya koti. Nyundo na msumari ameshaazima kwa jirani. Sasa hivi amesimama mbele yangu, kaushika mkate mdomoni pangu kama ulivyonishikia wewe. "Uma, binti yangu," anasema. "Uma, ili urudi kwangu."

Mama, mkate bado ni wa moto, na mtu ameufuata kwa mguu mbovu. Sijui nifanyeje. Mavluda anapiga honi huko chini, lazima nimrushie barua hii dirishani.

Hulkar


Tashkent, 24 Oktoba 2019

Hulkar,

Uliuma?

Mama yako


Tashkent, uani kwetu, Alhamisi, 31 Oktoba 2019

Mama yangu,

Assalamu alaykum. Goti lako naliona, bado linakusumbua. Umepita sasa hivi na beseni la karoti hukunitazama, maana wageni huwatazami mpaka washibe. Leo ni wanane, na mmoja wao ni mimi. Huyu mwenye kofia pana na miwani ya jua, aliyekaa nyuma ya wale Wajapani. Nilijiandikisha kwa jina la Bibi Nermin.

Nilitaka nimwone huyo mwizi wangu kwa macho yangu kabla hajaniona. Nimemfuata tangu asubuhi natafuta kosa. Kaanza na treni. Mama, vituo vile nimevipita maisha yangu yote nikitazama viatu vya watu. Leo nimeinua uso. Anaongoza vizuri, na hilo limeniuma kuliko kama angeongoza vibaya.

Barua yako ya neno moja ilinikuta nafunga begi. Hapana, sikuuma. Nilimwambia Bibi Nermin, mdomo mmoja hauachi mikate miwili. Tukaumega kwa mikono, tukaula wote na chai mpaka ukaisha, ili kisibaki cha kutundika. Alilia, nami nikalia. Sitakudanganya tena kwamba neno ninalomwita ni la mdomoni tu. Lakini sikuuma.

Muda mfupi uliopita Barno katupanga mbele ya mkate wake, akasema yale maneno yake, "Siku akirudi ataumaliza mwenyewe." Mholanzi alinijia akilini, nikacheka, nikasahau kufunika mdomo. Akanitazama meno. Akautazama mkate, akanitazama meno tena, kijana mmoja wa Kijapani akamuuliza kama anaumwa. Hajaniuliza jina. Nilipoomba kalamu kaniletea, na sasa kasimama kando yangu akingoja nimalize ili akuletee karatasi hii jikoni. Kitambaa alichojifunga ni changu. Kitambaa chenyewe nilikwisha kukisahau.

Mama, leo sitaki pilau. Fungua sanduku, uniletee mkate wangu na chai ya moto ya kuulowekea. Upande wa Mholanzi nitauacha, naye ana haki yake.

Na mkate wa Barno usiushushe. Naye lazima awe na mahali anapongojwa.

Ila mtafutie msumari mwingine. Ule ni wangu.

Binti yako, yule wa kwanza,
Hulkar