Koti la Mgiriki

Jumatatu, 4 Agosti 2025
Mazoezi ya ing'oma, ngoma yetu ya gwaride, leo – moto! Wachezaji ishirini na wawili, mguu mmoja, vumbi Ngana nzima. Mimi mbele, na koti la kijeshi la Kanali Kosta. Babu yangu alimpikia huyo Mgiriki kule Rungwe, akaachiwa koti na kijitabu chake cha jeshi. Ndiyo maana kikundi kilinipa ukanali bila kura.

Nikawasimulia tena Kosta alivyowatandika Waitaliano milimani. Mwaka jana aliteka mia mbili. Leo wamefika elfu moja. Vita nayo hukua, kama mtoto.

Gwamaka, sajenti wangu, akanikatiza: kijitabu kisomwe. Kigiriki nani anajua? Simu inajua, akasema. Nikamjibu kisomwe hata kanisani! Kikisema vingine, koti vaa wewe, uongoze wewe.

Watu wakapiga makofi. Mimi nilipiga zaidi.

Jumanne, 5 Agosti
Felista kaniuliza: “Baba Lusungu, hicho kitabu wewe umewahi kukielewa?” Nikamwambia mkeo wa kanali haulizi hivyo – yaani, mke wa kanali. Hata ulimi umeanza kuteleza. Alicheka mpaka ndizi zikaungua.

Jumatano, 6 Agosti
Kyela mjini, dukani kwa Salehe. Kikundi kizima mlangoni. Binti yake, Raudha, akapiga picha kurasa, simu ikatafsiri, akasoma kwa sauti.

1940: luteni. Kikosi cha punda, kubeba mikate. Akapotea kwenye ukungu na punda thelathini, akatokea nyuma ya jiko la adui. Karipio.

“Samahani babu, niendelee?” Nikasema endelea, vita bado.

1941: kapteni. Siku tisa! Njaa ikakaza, akaamriwa punda wachinjwe. Akakataa. Akarudishwa uluteni. Basi.

Salehe: “Kanali, hao elfu moja walikuwa Waitaliano au mikate?”

Nilivua koti mwenyewe. Linambana Gwamaka kwapani, kafunga vifungo hivyo hivyo. Mimi sasa Luteni, mlinzi wa baiskeli.

Lakini kukataa kuchinja punda, na wewe mwenyewe una njaa! Kwa nini hiyo sikuwahi kuisimulia?

Ijumaa, 8 Agosti – Nane Nane
Ikolo. Shindano limeanza. Naandika nimekaa chini, nimeegemea baiskeli ishirini na mbili. Daftari gotini.

Gwamaka anaongoza vizuri, nakiri. Koti limepasuka mgongoni.

Sheria ya ing'oma: mstari hausimami bila filimbi ya mkuu. Anayesimama kabla, kikundi kimeshindwa.

Mungu wangu – filimbi imemponyoka! Wameikanyaga wote! Na mstari unakwenda, vifua mbele. Mbele yao kakao ya Bibi Anyisile, imeanikwa mikeka sita.

Gwamaka ananipungia: “Luteni! Puliza yako!” Ninayo, ya enzi za ukanali wangu, mfukoni. Hakuna aliyeiuliza.

Luteni? Sikio hili husikia kuanzia kanali.

Hatua thelathini.

“Afande!” Cheo kinakaribia, kinakaribia.

Hatua ishirini. “Kaka! Kaka yangu!” Hicho si cheo.

Bibi ametoka. Kapiga magoti, anazoa kakao kwa kanga, na wao hawawezi kusimama, wapumbavu wangu wale, wananitazama mimi –

Mfuko upi? Si huu. Nainuka. Baiskeli zote zimelala chini, mguu wangu uko kwenye spoku, filimbi hii hapa, imejaa makombo ya mkate –