Bao la Kigoma

Jumapili, baada ya magharibi

Bao lile tena. Nimecheza beki wa kulia wa timu ya reli miaka kumi na minne, nimewazuia mawinga wa kila stesheni, na hakuna anayewataja. Watu wanamkumbuka yule mmoja wa Kigoma aliyenipiga chenga nikaanguka kwenye matope.

Leo ilikuwa hitima ya Kasimu, golikipa wetu. Bao hilo alifungwa yeye, na hakuwahi kunilaumu hata siku moja. Nilitaka nimlilie kwa utulivu. Lakini Pazi, fundi cherehani wa Isevya, ni Mzaramo, mtani wetu sisi Wanyamwezi, na msibani mtani hakatazwi kitu.

"Aliyemuua Kasimu ni huyu," akasema, kidole usoni pangu. "Alianza kumuua siku ile ya Kigoma."

Kisha akajiangusha uani mbele ya watu wote, chali, miguu juu, eti ndiye mimi.

Ukimkasirikia mtani, unayeaibika ni wewe. Lakini nilichoka. Hivi nikifa mimi, watasimulia hilo hilo?

Halafu nikasikia mtu anacheka mlangoni. Bi Zena, mjane wa Kasimu. Tangu Ijumaa tulipozika alikuwa hajatoa sauti wala kugusa chakula. Akaziba mdomo kwa kanga, akashindwa, akacheka mpaka akakaa chini.

Nikainuka na goti langu bovu. Nikamwambia Pazi anadanganya watu, sikuanguka chali, nilianguka kifudifudi.

Nikavua kanzu, nikawaonyesha.