Maneno Niliyomwachia Mtoto

Jumanne, Ntinda

Afadhali nisingekwenda soko la Owino leo. Mama Furaha, Mkongomani anayeniuzia vitenge, ameiona ile filamu ya Kitamil niliyoigiza India nilipoacha uanamitindo. Kibanda cha video cha hapo sokoni kinaionyesha, mtafsiri akiisemea kwa Kiganda.

“Dada, yale maneno ulimuambia mtoto wako ukikufa,” akasema, “ndiyo nilimuambia wangu siku tulimuzika.”

Kitamil sikijui, kwetu ni Kigujarati. Mwongozaji aliniambia nihesabu tu moja mpaka kumi huku nikilia, halafu mwanamke mwingine akatia maneno kwa sauti yake.

Taa nimeiacha inawaka. Nikifumba macho naona kaburi dogo, Mama Furaha kando yangu, nami nimeinama namsemesha mtoto wake: nne, tano, sita.