Uso Wangu Ukutani kwa Watu wa Benki

Da Mize, dada yangu,

Asalamu alaykum. Mimi mzima, ila moyo unachemka. Nambie kwanza mguu wa mama umepoa, na kama bado anaukandia mafuta ya karafuu wakati daktari amemkataza. Na mwanangu Saumu yu hali gani? Najua analia kwa posa yake, usinifiche. Usinitafute tena Ibra. Nimehamishwa, niko Sur, hukuhuku Omani, kwa binti wa bwana wangu, na kilichonitoa Ibra ni ileile picha uliyonitukania.

Sauti uliyonitumia kwa simu niliisikiliza nikiwa jikoni nakuna nazi. "Riziki, umejianika ukutani kwa Waarabu, na mama mkwe wa Saumu amesema hawezi kumwoza mwanawe nyumba ambayo mama mtu anatundikwa kama kalenda." Ulisema na mengine, hayo nakusamehe. Sikukujibu kwa simu kwa sababu nakujua. Ungesikiliza wewe, ukamsikilizisha shemeji, na kabla ya alasiri Konde nzima wangekuwa wananiigiza sauti. Ndiyo maana nimeshika kalamu, na barua hii nampa mkononi mwanamke wa Wete anayerudi likizo. Isome peke yako kwanza. Halafu waambie wakwe yale yanayowahusu.

Yanayowahusu ni haya: uso wangu haupo tena ukutani. Umefutwa. Wakitaka, waishie hapo. Yaliyobaki ni yako.

Unajua nilipelekwa Ibra kumtazama Bi Zuwena, mama mzazi wa bwana Hamed. Huyo bwana sisi sote nyumbani tunamwita Baba. Ukoo wao ni ukoo wa fedha. Babu mtu, baba yake Bi Zuwena, alianza na kasha la kubadilishia fedha, leo wana maduka ya kubadilisha fedha kila mji, na benki wana hisa humo za kuwafanya wasimamiwe wakiingia. Nyumba ina mabafu mengi kuliko watu, na yote nayasugua mimi. Bi Zuwena ndiye pekee niliyempenda humo. Amezaliwa Unguja, amekulia Unguja, Kiswahili chake kinatuacha mbali mimi na wewe. Miguu haimchukui, anakaa kwenye kiti cha magurudumu, lakini akili yake nzima. Hilo ulishike, maana baadaye walitaka kusema vingine.

Sasa Baba ana mwana, Haitham, aliyesoma Italia. Wengine wakirudi ng'ambo huleta manukato, huyu alirudi na Medici. Jina hilo nimelisikia mpaka nalijua kuliko majina ya majirani. Ni ukoo wa kale wa mji wa Florensi, watu wa benki. Siku hiyo napitisha kahawa, Haitham anamfundisha babake.

"Baba, hawa walikuwa wabadilisha fedha kama babu. Dini yao ilikuwa inakataza riba kama yetu. Wakajenga makanisa, wakawaweka wachoraji na wachongaji, wakajichorisha wenyewe pamoja na wafalme waliokwenda kumzuru Nabii Isa alipozaliwa. Leo nani anawauliza habari za riba? Watu wanapanga foleni kutazama picha."

"Na benki yao?" Baba akauliza.

"Ilianguka zamani. Picha zimebaki."

Baba akakizungusha kikombe mkononi, maana yake hataki tena kahawa. "Khalas. Basi na sisi tuchorwe kabla hatujaanguka," akasema, wakacheka wote wawili.

Mimi sikucheka. Mimi sina ugomvi na picha, Da Mize. Ugomvi wangu ni na mtu anayeona rangi inaweza kumtawadhisha. Na hao wa Florensi, kwa jinsi nilivyowasikia, sikuwaona watu wa kuigwa. Hebu fikiri mtu anakukopesha kwa faida, halafu siku ya siku unaingia nyumba ya ibada kuomba, unamkuta yeye ndani ya picha kapanda farasi, anaelekea kwa Nabii kabla yako. Unamwombea nani hapo?

Basi ile nyumba ya udongo ya babu yao, kule mtaa wa kale karibu na falaji, ule mfereji wa maji ya mashamba, ilikuwa imebomoka nusu, mbuzi wanalala ndani. Ikatengenezwa upya. Ukuta mmoja wa baraza ukapakwa chokaa laini, akaletwa mchoraji kutoka hukohuko Florensi, mwanamke, jina lake Paola. Ukuta wote uchorwe ukoo: babu na kasha lake katikati, wanawe pembeni, maulamaa na washairi waliolishwa na nyumba ile, mpaka fundi aliyewachongea mlango. Na kando ya babu akae mkewe, yaani mama yake Bi Zuwena. Haitham alishikilia hapo. Wale Medici walikuwa na mama zao kwenye picha, na wao lazima wawe naye.

Tatizo ni kwamba huyo bibi hana picha hata moja. Wanaume wa ukoo ule wote wamo kwenye fremu, na jambia zao na vilemba vyao. Bibi alikuwa wa Pemba, wa kwetu, akafia Unguja, na mumewe hakutaka mwanamke apigwe picha. Basi uso utoke wapi? Mama, yaani mke wa Baba, aliposikia mtu wa kukaa achorwe anatafutwa, alikataa hata kabla hajaombwa. Binti zake wakakataa. Uso wa mwanamke wao hautundikwi wageni wakautazama. Nilikuwa nimesimama na sinia la tende. Paola akanyanyua kidole akanionyesha mimi.

Baba akanitazama, akasema kwa Kiarabu, akidhani sijui: "Huyu anafaa. Huyu hana watu wake hapa."

Hayo ndiyo maneno, Da Mize. Sina watu. Wa kuona haya kwa ajili yangu hawapo, basi uso wangu hauna mwenyewe. Nilimfuata Mama chumbani nikamwambia sitaki, mimi nina mtoto wa kike nyumbani, anaposwa. Akanijibu huku anavaa bangili: "Riziki, rangi tu hiyo. Hutakuwa wewe, utakuwa bibi." Nikamwambia kama ni rangi tu, si akae yeye. Akaniambia nimeanza kuota pembe.

Nikakaa. Kila asubuhi, baada ya kumnywesha Bi Zuwena chai, nachukuliwa na gari mpaka nyumba ya udongo, navishwa leso mbili na ushungi wa kizamani, nakaa kwenye kiti kigumu. Paola hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa akinitazama kama mtu anayechagua nyanya sokoni. Alikuwa akinionyesha kwa ishara nicheke, anajivuta mashavu kwa vidole. Nami ndiyo nazidi kukaza mdomo. Nikasema moyoni, mnautaka uso wangu, basi chukueni na hasira zake.

Ukuta ulipokamilika ndipo wakamleta Bi Zuwena. Nilimsukuma mimi. Hakuna aliyemwambia nani kachorwa, na mimi sikumwambia kwa haya. Kiti kilipofika mbele ya ule ukuta, akanishika mkono nisimame.

"Nisogeze mwanangu. Sogeza zaidi."

Nikamsogeza mpaka magoti yake yakagusa ukuta. Akaurekebisha mtandio wake kichwani, akasema, "Shikamoo mama."

Hakumwangalia babake na kasha lake. Hakuwatazama maulamaa wala washairi. Akawa anausoma ule uso, machozi yanamtoka, hayafuti. Akaniambia bila ya kugeuka: "Ndivyo alivyokuwa akikaza mdomo. Baba akija na wageni na kitoweo hakuna, mama alikuwa akikaza mdomo vivi hivi. Sijamuona tangu nakuja huku. Nilikuwa nimeanza kumsahau."

Nilitamani ardhi inimeze, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa nimekasirika, na hasira zangu ndizo alizozijua. Tangu siku hiyo hakuna asubuhi aliyokubali kunywa chai kabla hajapelekwa kule. Anamwamkia mamake, anampa habari: nani kaoa, nani kafariki, maembe ya mwaka huu yana nyuzi. Mimi nasimama nyuma nimeshika kiti, najitazama mwenyewe nikisalimiwa.

Hapo ndipo mgeni mmoja akapiga picha kwa simu, akaituma, ikaruka mpaka Konde, na sauti yako ikanijia. Nilimwendea Baba siku hiyohiyo. Nilimwambia, nakuomba kwa Mungu, mwanangu anaharibikiwa, mwambie Paola anibadilishe sura. Alikuwa anasoma simu. Akaniambia picha imekwisha, haiguswi, na mimi nifurahi nimepata heshima ambayo mama yake mwenyewe hakuipata. Sikumwelewa alikusudia nini, na sidhani yeye alijielewa.

Haikupita wiki wakaja wageni wakubwa kutoka Maskati kutazama ukuta. Mmoja wao mzee wa asili ya Unguja, kanzu nyeupe tupu, fimbo mkononi. Akatembea taratibu tangu mwanzo wa picha, anamsifu babu, anasifu kasha, mpaka akafika kwangu. Akanitazama pale ukutani, weusi wangu na pua yangu ya kwetu. Akasema kwa Kiswahili, neno moja tu: "Kumbe."

Basi. Baba akafanya kucheka, akamtia mkono begani akampeleka kwenye halua. Wageni walipoondoka Paola akaitwa. Niliyoyaomba kwa ajili ya mwanangu hayakuwezekana, picha haiguswi. Kwa neno moja la mzee mwenye fimbo, iliguswa. Ngozi ikapaushwa, pua ikachongwa, mdomo ukalegezwa ukatabasamu. Paola aliifanya kazi hiyo kwa siku mbili tatu bila ya kusema na mtu, na alipokwisha akafunga brashi zake akaondoka bila kuaga. Akatokea mwanamke mweupe, mzuri, hajapata kukasirika maishani mwake.

Unaweza kudhani nilifurahi. Nilikuwa nimeomba nifutwe, nimefutwa. Lakini Da Mize, kuna kufutwa kwa sababu umeomba, na kuna kufutwa kwa sababu umetia aibu. Niliumia kuliko siku ile niliyonyooshewa kidole.

Siku hizo Bi Zuwena walimzuia nyumbani kwa kisingizio cha vumbi la rangi. Siku aliyopelekwa tena, Haitham alikuwepo. Bi Zuwena akaweka mtandio wake sawa, akafungua mdomo kuamkia, akasita.

"Huyu nani?"

"Bibi, ni mama yako huyo," Haitham akasema.

"Mimi mama yangu namjua. Mmempeleka wapi?"

Yule msomi wa Florensi akatazama viatu vyake. Hapo Bi Zuwena akageuza shingo kwa tabu, akaniinulia macho mimi niliyekuwa nyuma ya kiti. "Shikamoo mama," akaniambia.

Nikashtuka. "Bi Zuwena, mimi Riziki."

"Najua wewe Riziki, sijawa mwehu. Namwamkia mama."

Ningeitikaje? Mtu wa rika la bibi yetu akupe shikamoo nawe umjibu marahaba, si ungekatika ulimi? Nikanyamaza. Kesho yake akaniamkia tena, kesho kutwa tena, nami kimya. Wajukuu wakawa wanacheka, halafu wakaacha kucheka. Ijumaa moja wanawake wa ukweni wamejaa ukumbini kwa kahawa, Baba amesimama mlangoni anasalimia, nikaingia na dele la kahawa. Bi Zuwena akanyamazisha watu kwa mkono. "Shikamoo mama." Kila aliyekuwemo mle analijua neno hilo, hata wasiojua lingine la Kiswahili, maana ndilo walilofundishwa utotoni kuwapa wakubwa zao.

Baba alingoja mpaka wageni watoke. "Mama, huyu mtumishi. Unatutia aibu. Mwache."

"Mrudishe mama ukutani, nitamwacha."

"Mama, haiwezekani hiyo."

"Basi hata mimi haiwezekani."

Wakaanza kunong'ona ati mzee kachanganyikiwa. Kachanganyikiwa wapi? Yule anahesabu vidonge vyake mwenyewe. Hawakuthubutu kumfunga mdomo yeye, wakaniondoa mimi.

Asubuhi ya kuondoka begi langu lilikuwa kizingitini na gari linanguruma. Bi Zuwena alitaka aletwe mlangoni, na aliyemsukuma siku hiyo ni Baba mwenyewe. Akanishika mkono wangu kwa mikono yake miwili. "Shikamoo mama."

Nikamtazama Baba. Yule mwenye benki, mwenye ukuta, aliyeniona sina watu. Nikasema kwa sauti, asikie vizuri: "Marahaba, mwanangu. Mungu akuweke."

Bi Zuwena akacheka mpaka mabega yakatikisika. "Ndiyo hiyo sauti," akamwambia mwanawe. Baba akakigeuza kiti akamrudisha ndani.

Basi mimi niko Sur. Kazi ni ileile, ugumu ni uleule, ila hapa hawajui kuchora. Mwambie Saumu afute machozi. Nakutumia kwenye simu ile picha mpya. Mpelekee mama mkwe wake, mwonyeshe yule mwanamke mweupe anayetabasamu, mwulize kama ndiye mimi. Akisema ndiye, basi ujue tangu mwanzo hakuwa anamtaka mwanangu. Nisalimie mama na mguu wake, maalimu wa chuoni aliyenisomesha, shemeji asiyejua kutunza siri, na mtoto wako wa mwisho aliyenisahau sura. Unisamehe mwandiko.

Nilitaka niandike zaidi, lakini binti wa bwana ananiita. Kila asubuhi wakati huu bibi yake hupiga simu kutoka Ibra, na hataki kuzungumza na mjukuu hata kidogo. Naenda kumwitikia.

Mdogo wako,
Riziki