Aliyekaa Juu ya Mabidoni

Goma, tarehe 4 Desemba 2023

Mpendwa Yaya Valentin, kaka yangu mkubwa,

Nakusalimu kwa jina la Bwana. Huko Lubumbashi mko wazima? Kikohozi kimepoa, au bado unamdanganya mkeo Valérie kwamba umepona? Sisi hatujambo. Bénita wangu ameota meno ya mbele, ananing'ata.

Mimi tu ndiye situlii. Naanza kufua, naacha nguo majini.

Ndugu yetu Rodrigue anagombea ubunge wa jimbo. Baba mkubwa Jean de Dieu ameuza ng'ombe wa Masisi kwa ajili ya kampeni, na picha za mwanawe ziko kila ukuta. Kwenye mikutano anasema alikua kwa shida, eti kila asubuhi alisukuma chukudu ya mbao yenye mabidoni ya maji kutoka ziwani. Wamama wanalia.

Maji gani, Yaya? Tangu papa wetu afariki tukaletwa kwao Rodrigue, tuliosukuma ni mimi na wewe. Yeye alipelekwa shule kwa gari. Siku moja tu alipanda juu ya mabidoni kucheza, chukudu ikapinduka, goti lake likachubuka, na wewe ukachapwa mpaka ukashindwa kukaa.

Kinachonitisha ni kwamba anaamini anachosema. Alizoea tangu utoto kila kitu cha nyumbani kuwa chake, hata jasho letu. Nilipomkumbusha, alinishika mkono, machozi yakimlengalenga: "Dada, nakumbuka muzuri. Tuliteseka pamoja."

Akaniomba niwe shahidi wake jana, kwenye mkutano wa Majengo. Ningekataaje, na mama anakaa kwenye kile chumba cha anekse nyuma ya nyumba yao? Nikashika mikro, nikauambia umati: "Ni kweli, alikuwako. Yeye alikuwa anaikala juu ya mabidoni, siye tunamusukuma!" Habari ya fimbo niliimeza.

Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Rodrigue akacheka kuliko wote, akaninyanyua mkono. Sasa mtaa mzima unamwita Papa Bidoni, tena kwa mapenzi! Nina hasira, Yaya, na kwanza na mimi mwenyewe.

Jumatano ananitaka kwenye mkutano wa Ndosho, nikarudie yale yale. Nimekubali kwenda.

Nisalimie Valérie, mtoto wenu Janvier na mama mkwe wako. Mama naye anawasalimu. Yuko hapa kando yangu. Leo asubuhi nimemhamishia kwangu, na kitanda chake na sufuria zake. Hakuuliza kwa nini. Ameuliza tu kama safari hii nitataja jina lako na fimbo uliyochapwa, nami nimemjibu ndiyo.

Mungu awafunike kwa mkono wake, na Jumatano mniombee.

Mdogo wako akupendaye,
Laurence