Koti Moja la Gdansk

Mjukuu wangu Salma,

Nakusalimu kutoka mtaani kwetu Naif. Sote wazima, na mjomba wako kapata mtoto wa kike, analia kwa sauti kama yako.

Umeniuliza, kama wanavyoniuliza wote hapa Dubai, nakwenda Gdansk, huko Poland, kwa nani, na nani kafariki. Hajafariki mtu. Nakwenda siku chache mwezi wa kumi, majani yao yanapopukutika, niitazame bandari yao kongwe na winchi yake ya mbao, kisha nirudi.

Nilipokuwa msichana nilipanda meli kwenda Pemba, bila ya harusi wala msiba. Nikakaa sokoni, nikamenya chungwa. Hakuna aliyeniuliza mimi mtoto wa nani. Utamu wa chungwa lile ninao mpaka leo.

Jana nilikwenda kununua koti zito. Muuzaji, aliyezoea wafanyabiashara wa kwetu wanaokuja kununua kwa jumla, akaniuliza, "Mama, nikufungie dazeni ngapi?"

Nikamwambia moja, na ni langu, wala asilifunge. Nikalivaa pale pale dukani, nikarudi nalo nyumbani juani, jasho linanitiririka, mtaa mzima unanitazama. Nikauacha utazame.

Bibi yako,
Zuwena