Ukwaju wa Balozi

Zahoro, nimetoka msibani kwa Balozi Mfaume. Wamemsifu, eti alikuwa mtu wa watu. Mtu wa watu! Nimeondoka kabla ya pilau.

Umemsahau Blandina wa dukani, Mtaa wa Sikukuu? Mwaka ule wa msako wa wahujumu uchumi, sukari imeadimika, ukikutwa na sukari uvunguni wewe ni mlanguzi, unalala ndani.

Mfaume huyu, balozi wetu wa nyumba kumi, akaingia dukani ameshika tumbo. "Mama, huu unga wa njano wa msaada umenifunga. Tangu juzi sipati choo."

Blandina akamhurumia. Akaloweka ukwaju kwenye maji moto, akaukamua, akachuja, akatia chumvi kidogo. Akaonja, mkali. Na alivyolelewa kwao Uchagani, mgeni hapewi kitu cha kumkunja uso. Akaenda chumbani, akainama, akarudi na kijiko kimejaa, akakoroga.

Balozi akanywa. Akanywa tena, polepole, huku analamba midomo.

"Tamu, mama."

"Kunywa, baba, kesho utapata nafuu."

"Tamu kweli."

Hapo ndipo kijiko kilipomganda Blandina mkononi. Balozi hakuuliza kitu, Zahoro. Alimaliza glasi, akashukuru, akautazama mlango wa chumba, akaenda zake.

Asubuhi alirudi na mgambo. Wakaenda moja kwa moja uvunguni, wakamtoa Blandina na kifuko chake cha sukari, wanawe wanatazama.

Ukwaju ulikuwa umemsaidia balozi. Alitangulia mbele yao, mwepesi kabisa.